Siku Zihesabiwe Tangu Mbao Ziliposhuka: Risala ya Mafundi wa Maranda kwa Mheshimiwa Jaji

Mgeni rasmi, Mheshimiwa Jaji, kaa. Kaa kabisa, usikae kwa woga, benchi hilo tumelitengeneza sisi na halina msumari uliochungulia nje. Mahakimu, mawakili wenye majoho na mawakili wenye suti tu, makarani, askari wa mlangoni, na nyie ndugu zetu mliokuja kufuata kesi mkakuta sherehe: wa shikamoo, shikamooni, wa habari, habari zenu.

UKARIBISHO

Tulipoiandika risala hii jana, mstari wa kwanza ulisema "asubuhi hii njema". Tulipokuwa tunakungoja tukafuta "asubuhi" tukaandika "mchana". Mchana nao ukapita, tukaufuta. Sasa tumeacha hivi: karibu, wakati wowote huu uliofika.

Mshereheshaji alisimama akatuambia tuwe wavumilivu, mgeni rasmi yuko njiani, barabara mbaya. Tukasema sawa, barabara ni barabara. Hakuna aliyekuambia uje na kiapo cha kueleza kila dakika ulikuwa wapi na ulikuwa unafanya nini. Umefika, tumepiga makofi, shughuli imeanza, hakuna aliyekufa. Hatusemi kwa ubaya. Tunataka tu uone jinsi jambo lilivyokuwa jepesi.

Kabla hatujaendelea, karani wa masijala, ambaye uwanjani kwetu anaitwa Kesho Mapema na mwenyewe anajua, alikuja jana akasimama juu ya maranda yetu na viatu vyake vizuri.

"Nyie, risala isiguse kesi yenu. Kesi iko mbele ya mahakama."

Mwenyekiti wetu, Mzee Randa, akamjibu bila kuinua kichwa kwenye kazi: "Haitaigusa, mwanangu. Itapita pembeni yake na kuisalimia."

Kwa hiyo tunatii. Leo hatutasema habari za kesi yetu hata kidogo.

HISTORIA YETU

Sisi ni mafundi seremala na washona makochi. Uwanja wetu uko nyuma ya ukuta wa mahakama hii. Hakimu akiwa anasoma hukumu akasikia mlio kama mtu anayeng'olewa jino, ule ni msumeno wetu wa umeme. Mara nyingine askari anatumwa kwetu: "Zimeni kidogo, shahidi hasikiki." Tunazima. Mteja anasubiri, lakini tunazima, maana haki ni kitu kikubwa.

Mzee Randa ndiye alianza, enzi hizo pale ni vichaka na takataka, yeye na randa yake na bati moja la kujikinga jua. Akafyeka, akafukia mashimo, akaita shemeji zake, shemeji wakaita rafiki zao. Mama Sponji alikuja kushona kochi moja, akasema harudi nyumbani mpaka limalizike, na kweli hajarudi. Leo ndiye katibu wetu. Mimi ninayesoma nimechaguliwa kwa kuwa wazee wanasema sina haya. Shule niliiacha njiani, kwa hiyo mkisikia neno limekaa upande, lipigeni msasa wenyewe.

MAFANIKIO

Mheshimiwa, angalia kulia, angalia kushoto. Meza ya hakimu ni kazi yetu. Kizimba ni kazi yetu. Kuna mwenzetu alipandishwa humo baada ya kurushiana maneno na mteja, na alipotoka alituambia kimekaa sawasawa, hakiyumbi. Rafu za masijala ni kazi yetu pia, mbao ngumu, tumezifunga ukutani kwa bolti. Kwa hiyo mkiambiwa faili limepotea, msiseme rafu ilianguka. Haijaanguka.

Na haya mabenchi ya ukumbi mpya unaoufungua leo ni yetu. Watu watakaa hapa wakisubiri kuitwa. Tumeyatengeneza mapana, maana tunajua watasubiri kiasi gani.

CHANGAMOTO

Hapa, Mheshimiwa, kwa kuwa tumekatazwa kusema habari zetu, tutasema habari za mafundi fulani. Hatuwajui. Wana uwanja mahali fulani, nyuma ya ukuta fulani.

Mafundi hao walishtakiwa na bwana mmoja, wao wanamwita Bwana Ghorofa, maana akiona nafasi tupu moyo unamwenda mbio mpaka aone zege. Akasema uwanja ni wake. Kesi ikaenda. Siku moja wakili wa Bwana Ghorofa alitakiwa awe ameleta maandishi yake, hakuleta. Akasimama, akakohoa kidogo kwa adabu:

"Mheshimiwa, gari liliniharibikia."

Hakimu akasema, "Pole sana, wakili. Unaongezewa muda."

Imeisha. Hakuna kiapo, hakuna risiti ya gereji. Neno moja la mdomo, na pole juu yake. Mafundi wale wakatazamana wakafurahi kabisa. Wakasema kumbe humu ndani kuna utu! Mzee wao akanong'ona, "Hii mahakama ina mama."

Basi ikafika siku ya hukumu. Hakimu akasoma mbio mbio kama mtu anayekimbia mvua. Mafundi wakashika maneno mawili: mmeshindwa, na haki ya rufaa iko wazi. Wakauliza muda wake, wakaambiwa. Wakarudi uwanjani na majonzi, lakini muda waliushika.

Sasa hapa ndipo walipokosea, na kosa lenyewe hakuna mtu angelifanya duniani isipokuwa fundi.

Kwetu, samahani, kwao, kuna utaratibu ambao hata mwanafunzi wa juzi anaujua. Mteja akija kuagiza kabati na kusema mbao ataleta mwenyewe, mnakubaliana muda. Lakini muda hauanzi siku ya maneno. Unaanza siku mbao zinaposhuka uwanjani. Mteja akikaa na mbao zake kwake mpaka mvua zinakuja zinaondoka, hawezi kurudi kukufokea "kabati langu liko wapi". Utamwuliza, ningelichonga kwa mate?

Mafundi wale wakaona rufaa ni hivyo hivyo. Rufaa unaitengeneza kutokana na hukumu. Unatakiwa useme hakimu alikosea hapa na hapa na hapa. Utasemaje wakati hukumu yenyewe hujaiona? Ni kukosoa kabati lililofunikwa turubai. Wakasema: tuombe nakala ya hukumu, ikishuka, siku zetu zinaanza.

Wakamtuma mama mmoja dirishani kwa karani. Tena mama mwenye subira.

"Mwanangu, nimefuata nakala yetu."

"Haijachapwa, mama. Njoo kesho mapema."

Kesho mapema akaenda. "Wino umeisha, mama." Akaenda tena. "Wino umekuja, ila anayechapa yuko kwenye semina." Akaenda tena. "Amerudi semina, lakini hakimu hajasaini." Semina ilihusu nini? Mama aliuliza. Ilihusu kuharakisha mashauri.

Mheshimiwa, hatutii chumvi. Mtu mwenyewe yuko pale mstari wa pili, amevaa kitenge, sasa anatikisa kichwa kunikubalia. Bwana, tumechoka kuwaita mafundi fulani. Karani, usikohoe. Ni sisi. Ni Mama Sponji huyo, na dirisha ni hilo hapo nyuma yako, na hata pale anapoegemeza kiwiko pameng'aa.

Nakala ilipotoka, siku tulizopewa zilikuwa zimekwisha zamani. Sisi hatukujua. Sisi ndiyo kwanza tulianza kuhesabu! Tukakaa tukasoma, mmoja anasoma wengine wanasikiliza, na msumeno tumezima wenyewe bila kutumwa askari. Tukafika mahali hakimu anaeleza uwanja wenyewe, alioutembelea kwa macho yake: una tanki la maji upande wa juu, na ukuta wa matofali mbele.

Mzee Randa akasema, "Soma tena."

Tukasoma tena. Tanki la maji. Ukuta wa matofali.

"Sisi tuna tanki?" akauliza, kama mtu anayeuliza kama ana mtoto mwingine.

Hatuna tanki, Mheshimiwa. Hatujawahi. Maji tunachota kwa jirani yetu mchomelea vyuma, ambaye ana tanki upande wa juu na ukuta wa matofali mbele. Siku hakimu alipokuja kuutazama uwanja hatukuongozana naye. Tuliambiwa tusubiri uwanjani tutafuatwa, tukasubiri, tukaona magari yanaondoka. Kumbe walikuwa wameshamaliza. Kwa jirani! Hukumu imetutoa kwenye uwanja ambao hatujawahi kukaa. Mchomelea alipoambiwa alicheka mpaka akakaa chini, halafu akaacha kucheka ghafla, akaenda kutafuta karatasi zake za uwanja.

Basi tukapata wakili kijana wa msaada wa kisheria, asiyetoza, akatuandikia rufaa. Tukaenda dirishani kwa haraka na jasho. Kesho Mapema akaitazama akasema, "Mmechelewa."

Mama Sponji akamwambia, "Nani kachelewa? Mimi na wewe si tumeonana hapa mpaka nikamjua mkeo kwa jina?"

"Mama, uliomba kwa mdomo. Ungeomba kwa maandishi, zile siku za kusubiri zingetolewa kwenye hesabu. Kwa mdomo hazitoki."

"Wakili wa gari aliomba kwa nini? Kwa pua?"

Swali hilo tunaliacha hapo hapo lilipo, mtu akilihitaji ataliokota.

Tukaomba kuongezewa muda. Maombi ya kwanza yakatupwa. Tuliambiwa mambo mawili. La kwanza, sheria haiwasaidii waliolala. Mheshimiwa, nani analala kwenye uwanja wa msumeno? Mahakimu wenyewe wako upande wa pili wa ukuta na hawawezi kusinzia. La pili, hatukueleza sababu ya kila siku tuliyochelewa, moja moja. Haya, tukarudi tukaeleza. Wakili wetu alilia machozi kwa kicheko akituandikia kiapo. Jumatatu, Mama Sponji dirishani. Jumanne, Mama Sponji dirishani. Jumamosi, dirisha limefungwa, Mama Sponji alilitazama tu. Jumapili, tulichelewa kwa sababu ilikuwa Jumapili. Kuna siku moja hakuna aliyekumbuka tulifanya nini. Mzee Randa akasema, "Andikeni tulikuwa hai."

Maombi hayo ya pili yanasikilizwa wiki ijayo katika mahakama unayoiongoza. Yakitupwa, hakuna pengine pa kwenda. Dalali wa mahakama ameshapita uwanjani. Amesimama, amehesabu nguzo kwa kidole, ametuuliza kama mabati tuliyapigilia au tuliyafunga kwa waya. Mtu haulizi hivyo kwa mapenzi.

WENYE KUSAMEHEWA NA WASIOSTAHILI

Msije mkatuelewa vibaya, mkasema hawa wanataka milango iwe wazi mpaka kiama. Hapana. Sisi ni watu wa kazi, tunajua mteja mwongo. Muda wa rufaa lazima uwe na mwisho. Aliyeshinda naye ana haki ya kulala usingizi, ajenge, aoze watoto, asiwe anashtuka kila mlango ukigongwa.

Mzee Randa ana shemeji yake. Alishindwa kesi ya mpaka na jirani, akanyamaza. Jirani akajenga, akapaka rangi, rangi ikapauka, akapaka tena. Yule shemeji alikuwa anapita pale kila siku, anasalimia, na chakula alikula mle ndani. Siku moja jogoo la jirani likamwamsha vibaya, akasema anakata rufaa. Tukamwuliza siku zote alikuwa wapi? Akasema alikuwa anatafakari. Huyo msimsamehe. Mzee Randa ametutuma tuseme hadharani: mkimsamehe shemeji yake, atakata rufaa yeye.

Sasa mtazameni shemeji, halafu mtazameni Mama Sponji. Hata kipofu ataona tofauti. Mmoja alikaa, mwingine alikwenda. Mmoja kimya chake kilimfanya mwenzake ajenge, mwingine Bwana Ghorofa alikuwa anamwona dirishani kila anapokuja na wakili wake, na alijua kabisa hawa hawajakubali. Mmoja hana la kusema ila jogoo. Mwingine ana hukumu yenye tanki la maji la mtu mwingine. Na kubwa zaidi: mmoja alijichelewesha mwenyewe, mwingine mlimchelewesha nyinyi. Nyinyi, Mheshimiwa. Mahakama inamshika mtu mkono, inamwambia ngoja, ngoja, ngoja, halafu inamwachia na kumwuliza kwa nini umechelewa.

Hilo kwa lugha ya kwetu lina jina, ila katibu amelifuta.

Na lingine. Haya mabenchi mliyokalia. Tuliyapata kwa mkataba, na mkataba una tarehe, na tarehe ilipita. Ndiyo, tulichelewa! Mahakama ndiyo iliyosema italeta mbao, na mbao zikakwama huko zilikokwama. Tukajua tumekwisha, tutaambiwa tumelala. Bwana Ugavi wa mahakama hii akaja uwanjani siku mbao zinashushwa, tukamzunguka na nyuso za msiba. Akacheka.

"Mbona mmenuna, mafundi? Siku zenu tunazihesabu tangu leo, mbao zimeshuka leo."

Mama Sponji akamsogelea. "Baba, hebu rudia. Hiyo ni sheria ya wapi? Kuna karatasi tunatakiwa kuandika?"

"Karatasi ya nini, mama? Si sheria hiyo. Ni akili ya kawaida tu. Mngetengeneza na nini?"

Bwana Ugavi yuko hapa, Mheshimiwa. Asimame kidogo watu wamwone. Tumpigie makofi. Huyu bwana hajasoma sheria, na tunaomba sana asije akaisoma.

MAOMBI

Hatukuombi utuamulie kesi leo. Si mahali pake. Bwana Ghorofa hayupo kujibu, na sisi tusingependa aje akuandalie sherehe yake siku ambayo hatupo. Tunaomba mambo ya wote, yatakayomfaa hata yeye akichelewa siku moja na gari bovu.

Tunaomba mtu akija dirishani kuomba nakala kwa mdomo, karani asimwambie tu kesho, amwambie, "Andika hapa, la sivyo siku zako zinaliwa." Ni maneno machache kuliko "anayechapa yuko semina". Tunaomba hakimu akisema rufaa iko wazi, aseme na mlango wenyewe unafunguliwaje. Tunaomba ucheleweshaji wa mahakama usihesabiwe kwenye mgongo wa mwenye kesi, na mdomo wa fundi upimwe kwa mizani ileile ya mdomo wa wakili. Mtu akiomba kuongezewa muda, mwulizeni alikuwa anatembea au alikuwa amekaa, mwenzake ameumia nini kwa kungoja, na je, kuna kitu cha kweli cha kusikiliza ndani ya hiyo rufaa. Msimwulize Jumapili alikuwa wapi.

Na anayeleta jogoo, mfukuzeni. Tutawasaidia kumfukuza.

HITIMISHO

Mheshimiwa, kusikilizwa si kushinda, hilo tunalijua. Inawezekana jaji akaifungua rufaa yetu, akaja uwanjani kwetu, safari hii kwetu kweli, akaona na kupima, akasema bado uwanja ni wa Bwana Ghorofa. Akisema hivyo, dalali asihangaike. Mabati tutang'oa wenyewe, nguzo tutachimbua, mashimo tutafukia, na tutamfagilia. Mzee Randa ameapa hivyo mbele yetu wote, na sisi tumeapa nyuma yake.

Lakini akija mtu kututoa kwa hukumu ambayo hakuna aliyekubali kuifungua aisome, eti kwa sababu tuliileta baada ya kupewa na nyinyi wenyewe, basi hatuondoki. Tutakaa chini palepale. Itabidi atuinue mmoja mmoja, aanze na Mzee Randa. Tunaomba radhi mapema: magoti ya mzee ni mabovu, atachelewa kuinuka.

Mungu akupe uzima, akupe macho ya kusoma faili mpaka karatasi ya chini kabisa, na ukimaliza akupe usingizi usio na deni. Safari yako ya kurudi iwe nyepesi.

Ni sisi,
Mafundi wa Maranda, nyuma ya ukuta wenu.